Hiyo Dhahabu Si Yako

Kila Januari wanaanza. Unafungua LinkedIn asubuhi ukitafuta kazi, unapokelewa na picha ya kadi. Kadi iko juu ya pasipoti, pasipoti iko juu ya laptopu, na pembeni kuna glasi ya kitu chenye mapovu. Chini yake maandishi: nashukuru Mungu, mwaka huu tena nimefikisha Dhahabu. Halafu orodha ya miji. Kigali, Addis, Geneva, Amsterdam, Geneva tena. Watu wanamiminika na makofi. Hongera boss. Hustle inalipa. Wewe ni role model, aki.

Mimi nina swali moja tu, na naliuliza bila ubaya: tiketi zililipwa na nani?

Nilifanya kazi katika ofisi ya tiketi hapa mjini kwa miaka mitatu, kwa hivyo hii si hekaya ya kuambiwa. Tiketi ya kikazi huwa na sauti mbili. Ya kwanza ni ya mhasibu, kule kwenye ofisi inayolipa. Yeye anauliza bei. Anauliza kama kuna ndege ya bei nafuu zaidi, kama ya asubuhi ni rahisi kuliko ya usiku, kama ukinunua mapema kuna nafuu. Sauti ya pili ni ya msafiri mwenyewe, na hupiga simu mhasibu akishamaliza. Huyo hana haja na bei. Anataka kujua kama umeweka namba yake. Namba ya uanachama, ile ya maili. Kama ndege iliyochaguliwa haiko kwenye mtandao wa kadi yake, anaanza kukohoa. Ati hiyo ndege hufika saa mbaya. Ati kiti chake ni kidogo na mgongo unamsumbua. Ati kuna ile nyingine inayopitia Ulaya, ndiyo, ni ghali kidogo, lakini si ni ofisi inalipa?

Nimesikia huo mgongo ukiuma watu wengi sana, na wote walikuwa na kadi.

Hebu tuache mashairi ya matangazo tuangalie mtambo wenyewe. Chukua Flying Blue, mpango wa Air France na KLM, ambao kwa miaka mingi ndio pia uliokuwa mpango wa Kenya Airways kabla haijaanzisha Asante Rewards yake. Kwa mfumo walioanza kuutumia Aprili 2018, ngazi ya kwanza ya hadhi, yaani Fedha, inataka pointi 100 ndani ya miezi 12. Nairobi hadi Amsterdam kwenye daraja la kawaida inakupa pointi 10. Daraja la biashara, njia ile ile, umbali ule ule, mawingu yale yale: 30. Kwa hivyo anayekaa nyuma anahitaji safari tano za kwenda na kurudi kufika Fedha. Anayekaa mbele anahitaji mbili. Na uniambie, nani hapa Nairobi anatoa pesa zake mfukoni kulala kitandani hewani hadi Amsterdam mara mbili kwa mwaka? Wapo, siwakatai, lakini ukiwakusanya sidhani wanajaza matatu mbili. Waliobaki ni watu wa ofisi. Shirika la maendeleo, benki, wizara, kaunti, bunge.

British Airways wao wameacha hata kujificha. Tangu Aprili 2025 hadhi yao inahesabiwa kwa pesa ulizotumia, si kwa umbali ulioruka. Dhahabu ni pointi 20,000, na pointi moja ni pauni moja ya matumizi yanayohesabika. Hiyo ni zaidi ya shilingi milioni tatu kwa mwaka. Kwa lugha ya kawaida hiyo ni risiti tu, imepakwa rangi ya dhahabu. Hakuna kilichochumwa hapo.

Na mambo haya hayakujitokeza tu. Mwaka 1978 Marekani iliondoa mikono ya serikali kwenye nauli na njia za ndege, mashirika yakaanza kuchinjana kwa bei. Tarehe 1 Mei 1981, American Airlines ikazindua AAdvantage, na siku chache tu baadaye United ikafuata na ya kwake. Kuna waliojaribu kabla yao, lakini hapo ndipo mchezo ulipokuwa mkubwa. Wazo lilikuwa la akili sana, lazima niseme. Ukishusha nauli, unamfurahisha anayelipa. Lakini anayesafiri kila wiki si yeye anayelipa. Analipa mwajiri. Kwa hivyo mwache mwajiri alipe bei kamili, halafu mpe msafiri kitu kidogo pembeni, kwa jina lake, nyumbani kwake. Atakuchagua wewe hata ukiwa ghali.

Sasa ondoa neno ndege, weka neno tenda. Afisa wa ununuzi shuleni anachagua nani ataleta mahindi. Kuna mwuzaji wa gunia elfu nne na kuna wa elfu tano. Huyu wa elfu tano, kila baada ya magunia mia, anampelekea afisa mbuzi nyumbani. Afisa anaanza kukohoa: ati mahindi ya elfu nne yana unyevu. Sisi wote tunajua hiyo inaitwaje. Hata mtoto wa darasa la nne anajua. Jumuiya ya wazazi itapiga kelele na watu wa EACC wataitwa. Lakini mbuzi akigeuzwa kuwa maili, na afisa akiwa amevaa suti, tunaita uaminifu.

Uaminifu! Hilo neno linanichekesha kuliko yote. Kama kuna mtu mwaminifu katika usafiri wa nchi hii ni abiria wa Rongai ambaye amepanda sacco moja miaka 15, asubuhi na jioni, kwenye jam na kwenye mafuriko. Mvua ikinyesha, sacco hiyo hiyo inamwongezea nauli mara mbili, tena kondakta anamwambia asukume ndani. Hakuna aliyewahi kumpa kadi. Mama mboga wangu angalau huniongezea nyanya mbili na kitunguu, lakini yeye ananiongezea mimi kwa pesa nilizolipa mimi. Hajawahi kumtumia nyanya jirani yangu kwa kuwa nimenunua sukuma.

Najua jibu. Nimelisikia mara nyingi kwenye simu. Maili ni hewa. Hazimgharimu mtu yeyote, ofisi haipotezi kitu, mbona unanionea wivu? Sawa, tuangalie hiyo hewa. Mwaka 2020, ndege zikiwa zimelala viwanjani kwa sababu ya korona, United ilichukua mpango wake wa maili ikaweka rehani na kukopa dola bilioni 6.8. Delta ikafanya vivyo hivyo, bilioni 9. American ikafuata mwaka 2021 na bilioni 10. Kwa makadirio ya wakati huo, mpango wa maili wa United ulikuwa na thamani kubwa kuliko hisa zote za shirika lenyewe, pamoja na ndege zake. Benki hununua maili kwa pesa taslimu ili kuwapa wateja wa kadi zao. Kitu ambacho benki hununua, ambacho mkopeshaji wa New York anakubali kama dhamana, si hewa. Ni mali. Na mali iliyotokana na tiketi iliyolipwa na umma ina mwenyewe.

Wengine walishaligundua hili zamani. Ujerumani, mwaka 2002, gazeti la Bild lilifichua wanasiasa waliotumia maili za safari za kikazi kwa safari zao binafsi. Gregor Gysi, aliyekuwa akisimamia uchumi katika serikali ya jimbo la Berlin, alijiuzulu. Cem Özdemir wa chama cha Kijani, ambaye pia alikuwa anaandamwa na suala la mkopo, akaachia nafasi yake. Kwa sababu ya maili, jamani. Özdemir alirudi baadaye na mwaka 2021 akawa waziri, kwa hivyo uwajibikaji haukumuua mtu. Na mwaka 2006 mahakama kuu ya kazi ya nchi hiyo ikaamua kwamba mwajiri aliyelipa tiketi ana haki ya kudai maili zake zitumike kwa safari za kazi.

Marekani walikwenda upande mwingine. Hadi mwishoni mwa 2001 maili za mfanyakazi wa serikali kuu zilikuwa mali ya serikali. Kisha Bunge likapitisha sheria kwamba anaweza kuzichukua zikawa zake. Mimi naona walikosea, lakini angalau walikaa chini wakapiga kura hadharani. Walikubali kwanza kwamba kuna kitu cha kugawana.

Sisi tuna Katiba ya 2010. Kifungu cha 76 kinasema zawadi anayopewa afisa wa serikali katika shughuli ya umma au ya kikazi ni zawadi kwa Jamhuri, na ni lazima ikabidhiwe kwa serikali isipokuwa pale ambapo sheria ya Bunge imeruhusu vingine. Kifungu hicho hutukumbusha saa za mkononi na vinyago wanavyopewa wakuu wakienda ng'ambo. Lakini kisome tena polepole, ukimfikiria mwakilishi wadi aliyepelekwa ng'ambo kujifunza jinsi wenzetu wanavyozoa takataka. (Takataka za wadi yake ziko pale pale, ukitaka nenda ukahakikishe.) Safari ni ya kikazi. Tiketi ni ya kaunti. Shirika la ndege linamshukuru kwa kumpa maili elfu kadhaa. Hiyo si zawadi? Kama si zawadi ni nini, mshahara? Na kama ni mshahara, KRA wako wapi?

Msimamizi wa Bajeti huchapisha ripoti kila baada ya miezi mitatu. Mstari wa safari upo, wa ndani ya nchi na wa ng'ambo, kaunti kwa kaunti. Vijana wa Juni 2024 walizisoma namba za serikali kuliko wabunge wengi walivyowahi kuzisoma, na safari zilikuwa kati ya mambo ya kwanza waliyoyanyooshea kidole. Lakini ripoti huhesabu pesa zilizotoka tu. Kilichorudi, kwa jina la mtu, ndani ya simu ya mtu, hakina mstari. Mwanafunzi wa uhasibu wa mwaka wa kwanza angeliona hilo shimo.

Hapa kuna jambo jingine linalofanya damu yangu ichemke zaidi, na haliko kwenye vitabu vya hesabu. Liko kwenye kaunta.

Nenda JKIA usiku wowote ndege za Ghuba zinapoondoka. Utawaona wasichana kutoka Bungoma, Kilifi, Murang'a, wamevaa fulana zinazofanana, wameshika bahasha za kahawia kifuani kama vile ndani kuna mtoto. Ajenti amewapanga mstari mmoja. Tiketi zao zilinunuliwa kwa pamoja, kwenye herufi za chini kabisa. Tiketi huwa na herufi, kama hujui: kila kiti kina daraja lake la bei lililofichwa ndani ya herufi moja, na herufi za chini mara nyingi huleta maili chache sana au sufuri. Nimekata tiketi za namna hiyo. Hakuna aliyewahi kuniuliza kama nimeweka namba ya msichana. Wengi wao hawakuwa wamewahi kuambiwa kwamba namba kama hiyo ipo.

Wanarudi baada ya miaka miwili. Na hapo ndipo ukitaka kuelewa hadhi ni nini, simama karibu na mizani. Mwanamke ana mzigo wa miaka miwili: blanketi la mama, sufuria, viatu vya watoto ambao miguu imekua bila yeye kuiona, simu ya ndugu. Mizani inasoma kilo saba zaidi. Anaambiwa alipie au apunguze. Hana ya kulipia. Anafungua sanduku sakafuni, mbele ya watu wote, anaanza kuchagua nani nyumbani hatapata zawadi yake. Kwenye laini ya pili, ile yenye kapeti, mtu wa semina ya siku tatu anapita na sanduku lenye suti mbili na vitabu vya mkutano. Kwa kuwa ana Dhahabu, ameruhusiwa sanduku la pili bure. Hana la pili. Hana hata la kwanza lililojaa.

Nimeliona hilo na sitaliita biashara tu. Kilo 23 za bure anapewa asiyezihitaji kwa kuwa mtu mwingine alimlipia tiketi ya bei kubwa. Anayezihitaji ananyimwa kwa kuwa mtu mwingine alimnunulia tiketi ya bei ndogo. Wote wawili hawakulipa nauli wenyewe. Mmoja anaitwa mteja mwaminifu.

Na kiti cha launji ambacho yule wa semina atakwenda kukalia, chenye samosa na waifai, tumekichangia pia. Serikali inamiliki asilimia 48.9 ya Kenya Airways. Mwaka 2022 shirika lilipata hasara ya zaidi ya shilingi bilioni 38. Mwaka 2024 lilipata faida ya shilingi bilioni 5.4, na nilifurahi, kwa kweli nilifurahi, mimi ni Mkenya. Lakini miaka yote ya hasara, aliyebebeshwa madeni yaliyodhaminiwa na Hazina ni yule yule abiria wa Rongai anayeambiwa asukume ndani. Hajawahi kuona mlango wa hiyo launji. Mimi pia niliuona kwa sababu nilikwenda kumpelekea mteja pasipoti aliyoisahau ofisini kwetu.

Sasa mniache nimsifu mtu mmoja, nisije nikaonekana nachukia kila mwenye kadi. Mwaka 1999 mhandisi mmoja wa California, David Phillips, aligundua kwamba kampuni moja ya chakula inatoa maili kwa anayerudisha lebo za bidhaa zake, na kwamba bidhaa rahisi kuliko zote ilikuwa vikombe vya pudini. Alinunua vikombe zaidi ya 12,000, kwa dola kama elfu tatu. Hakuweza kubandua lebo peke yake, kwa hivyo akaenda kwa Jeshi la Wokovu: nyinyi mbandue lebo, mle pudini. Akapata maili milioni moja na robo na hadhi ya Dhahabu ya maisha. Huyo ni mwizi wa nani? Alitoa pesa zake na maskini wakala. Huyo ndiye aliyeichuma, na akiweka picha ya kadi yake LinkedIn nitakuwa wa kwanza kupiga makofi.

Ninyi wa Geneva mnasema mnachoka. Mnakosa siku za kuzaliwa za watoto, mnalala kwenye viti, mnakula chakula cha plastiki, basi maili ndiyo fidia. Kuchoka nakubali. Hata mimi safari ya Busia tu kwa basi hunivunja kiuno. Lakini fidia ya uchovu wa kazi hudaiwa kwa mwajiri, mezani, kwa maandishi, na hupewa pia dereva na mpishi ambao huchoka bila kupaa. Mkitaka siku mbili za mapumziko baada ya kila safari ndefu, ziombeni, na mimi nitawaunga mkono. Msichotakiwa ni kulipwa na mwuzaji.

Kisha kuna wale wa Desemba, wanaotafuta safari yoyote ile kabla mwaka wa pointi haujaisha. Mkutano ambao ungefanyika kwa Zoom unageuka kuwa wa lazima ana kwa ana. Sitawapotezea maneno. Mafuta ya ndege yanachomeka ili mtu aendelee kupita kwenye kapeti.

Ninachotaka si kikubwa na hakihitaji tume. Mashirika ya ndege yenyewe yana mipango ya kampuni, kama ile ya Air France na KLM iitwayo bluebiz, ambapo anayelipa tiketi naye hupata pointi. Mtambo upo. Kila msafiri wa serikali, wa kaunti na wa NGO inayokula pesa za wafadhili kwa jina letu aandike maili zilizoingia, namba gani ziliingia, na zitumike kwanza kununua tiketi inayofuata ya ofisi hiyo hiyo. Zinazobaki zina kazi. Katika grupu zangu tatu za WhatsApp, hivi ninavyoandika, kuna mchango mmoja wa kurudisha mwili wa msichana kutoka Ghuba. Watu wanatuma mia mbili, mia tano. Mweka hazina anabandika orodha upya kila jioni, na jana jioni walikuwa bado hawajafika nusu.

Fomu ya masurufu ya safari ina nafasi ya tarehe ya kuondoka, tarehe ya kurudi, mahali, na marupurupu ya kila siku. Pale chini, juu ya sahihi ya mhasibu, kuna mstari mtupu. Unatosha namba ya kadi.